Bi Harusi na Maandalizi ya Urembo: Kati ya Singo ya Mabibi na Sumu ya Mkorogo

Sifa zote njema anastahiki Mwenyezi Mungu (S.W.), aliyemuumba mwanadamu katika umbile lililo bora, na akajaalia kutofautiana kwa rangi zetu na lugha zetu kuwa ni miongoni mwa Ishara Zake. Rehema na amani zimfikie Mtume Muhammad (S.A.W.), Aali zake na Masahaba zake wote.

Ama baad. Ndugu Waislamu, miezi ya harusi katika miji yetu ya mwambao inajulikana. Ramadhani inapomalizika na Mfunguo Mosi ukaandama, na tena katika Rajabu na Shaabani, ni nadra wiki kupita bila ya kadi ya mwaliko kubishwa mlangoni. Nyumba yenye bi harusi hutambulikana kwa harufu tu: udi, asumini na marashi. Humo ndani binti hutawishwa, huketi na somo wake, husingwa, hutiwa hina na kufukizwa. Ni siku za furaha, na Uislamu haukuja kuizima furaha hiyo.

Lakini katika miaka ya karibuni, kando ya kinu cha singo na chetezo cha udi, vimeingia vikopo na chupa ambavyo wengi wetu hatujui vilichobeba. Binti anaingia ndani akiwa na ngozi yake aliyoruzukiwa na Mola wake, na anatoka akiwa na ngozi nyingine. Na baada ya miezi michache hana hii wala ile. Kwa sababu hiyo, makala yetu ya Ijumaa hii inakusudia kueleza ni kipi katika maandalizi hayo kilicho Sunna na ada njema, ni kipi kilicho madhara, na ni mizani gani familia ya Kiislamu iitumie kabla ya kumpaka mwana wao chochote.

Kumpamba bi harusi kuna asili katika dini

Wapo wanaodhani kuwa kumpamba bi harusi ni mambo ya mila tu ambayo dini inayavumilia. Sivyo. Katika mwaka wa 7 Hijria, Mtume (S.A.W.) alipokuwa anarejea kutoka Khaibar na akamuoa Bibi Safiyya (R.A.), aliyemtengeneza na kumtayarisha bi harusi huyo alikuwa Ummu Sulaym (R.A.), mama yake Anas bin Malik. Walikuwa safarini, hawana nyumba wala sanduku la mapambo, na hata hivyo kazi hiyo haikuachwa. Walima wenyewe ulikuwa ni tende, samli na maziwa yaliyokaushwa. Tunajifunza hapa kwamba kumtayarisha bi harusi ni haki yake, na kwamba kazi hiyo hufanywa na mwanamke mzima, mwenye akili na amana.

Vile vile Imamu Bukhari amepokea kuwa Bibi Aisha (R.A.) alikuwa na kanzu ya pamba ya thamani ya dirhamu tano. Alisimulia kwamba katika zama za Mtume (S.A.W.) hapakuwa na mwanamke aliyekuwa akipambwa Madina ila watu walituma kwake kuiazima kanzu ile, kisha akaeleza kuwa baada ya miaka kupita, hata kijakazi wake aliona haya kuivaa ndani ya nyumba. Tuizingatie habari hii. Mabi harusi wa Madina, mji bora kuliko miji yetu, walipambwa kwa nguo moja ya kuazima, na heshima yao haikupungua.

Na katika Hadithi mashuhuri iliyopokewa na Imamu Muslim, Mtume (S.A.W.) aliulizwa juu ya mtu apendaye nguo nzuri na viatu vizuri, akafahamisha kuwa Mwenyezi Mungu ni Mzuri na Anapenda uzuri, na kwamba kiburi ni jambo jingine kabisa. Kwa hiyo, asili ya jambo hili ni uhalali, bali mtu hulipwa kwalo nia ikiwa njema.

Mizani tatu

Pamoja na uhalali huo, sheria imeweka mipaka. Tukiikusanya kwa ajili ya nyumba yenye harusi, tutaipata katika mizani tatu: je, jambo hili linaudhuru mwili? Je, linazuia sala na tohara? Je, linavunja sitara? Lililosalimika katika yote matatu, tulifanye kwa furaha. Lililoanguka katika moja, tuliache, hata kama ndilo lililofanywa katika harusi ya jirani.

Singo, liwa na hina

Tuanze na urithi wa mabibi zetu, kwa sababu mwingi katika huo umesalimika. Singo ni mchanganyiko wa maua na viungo vinavyotwangwa pamoja: asumini, mawaridi, mrehani, karafuu na dalia, kila nyumba na mapishi yake, hukorogwa kwa marashi na bi harusi akasingwa mwili mzima. Kazi ya singo ni kutoa nongo na kuiacha ngozi laini na yenye kunukia. Liwa nayo husagwa juu ya jiwe la msio kwa maji kidogo, ikapakwa usoni na mwilini. Vyote hivi huisafisha ngozi aliyonayo binti. Havidai kumpa nyingine.

Hina ya asili, yaani majani ya mhina yaliyokaushwa na kusagwa, ina jambo ambalo vijana wengi hawalijui: haina haraka. Hukaa mkononi kwa saa kadhaa, ikibanduliwa rangi huwa ya machungwa, kisha hukolea kwa siku moja au mbili mpaka ikafikia wekundu wa kahawia. Ndiyo maana mabibi zetu walitia hina siku mbili kabla ya harusi. Haikuwa ibada ya tarehe, bali walizijua tabia za jani lile.

Katika maandalizi haya zimo pia sunna za umbile alizozitaja Mtume (S.A.W.): kukata kucha na kuondoa nywele za kwapani na za sehemu za siri. Anas (R.A.) amepokea kuwa mambo hayo yaliwekewa muda usiozidi siku arobaini. Hivyo bi harusi na bwana harusi wasiyafanye kuwa mambo ya harusi pekee.

Mkorogo: sumu inayoletwa kama zawadi

Sasa tuje kwenye lile lililotusukuma kuandika. Katika baadhi ya nyumba, miongoni mwa vitu vinavyonunuliwa kwa ajili ya bi harusi kuna krimu za kujichubua, na mara nyingi muuzaji huchanganya aina mbili au tatu ndani ya kopo moja lisilo na jina. Huo ndio mkorogo. Muuzaji huahidi kuwa binti atatakata kwa wiki mbili, na kweli hutakata, lakini tuulize kwa nini.

Viko vitu vitatu vinavyojulikana sana katika krimu hizo. Cha kwanza ni zebaki. Hii huzuia ngozi isitengeneze rangi yake, lakini pia hupenya ngozi ikaingia mwilini, na Shirika la Afya Duniani limekwisha tanabahisha kwamba dhara lake kubwa ni kuharibu figo. Zebaki hupita kutoka kwa mama mjamzito ikamfikia mtoto tumboni. Hata wasiojipaka hawasalimiki, kwani hubaki katika taulo na mashuka na kusambaa katika hewa ya chumba. Na aghalabu bi harusi hushika mimba katika mwaka wa kwanza wa ndoa yake. Wazazi, hebu tafakarini: kitu kilichonunuliwa ili kumpendezesha mama kinaweza kumfikia mjukuu wenu kabla hajazaliwa.

Cha pili ni haidrokwinoni. Mwanzo ngozi hung'aa, lakini matumizi ya muda mrefu chini ya jua letu huweza kuleta mabaka meusi yenye rangi ya samawati mashavuni na chini ya macho, na mabaka hayo ni magumu mno kutibika. Cha tatu ni dawa kali za jamii ya steroidi, kama klobetasoli, ambazo daktari huzitoa kwa maradhi maalumu na kwa muda mfupi. Zikipakwa kila siku huifanya ngozi kuwa nyembamba kama karatasi, mishipa ikaonekana, chunusi zikazuka, na michirizi ikajichora mapajani na kifuani isiondoke tena.

Dunia nzima imelitambua jambo hili. Mkataba wa Minamata kuhusu zebaki, uliopitishwa mwaka 2013 na kuanza kutumika mwaka 2017, ulipiga marufuku vipodozi vyenye zebaki inayozidi kiwango kidogo sana. Na mwaka 2023 nchi wanachama zilikubaliana kukiondoa hata kiwango hicho, ili ifikapo 2025 pasiwepo kipodozi chochote kilichotiwa zebaki. Hapa Tanzania vipodozi vyenye zebaki na haidrokwinoni vimepigwa marufuku kwa miaka mingi, na tangu mwaka 2019 usimamizi wa vipodozi Tanzania Bara uko chini ya Shirika la Viwango (TBS). Pamoja na hayo vinaendelea kupenya. Kwa hiyo kopo lisiloandikwa kilichomo ndani, au lililofunguliwa na kuchanganywa dukani, lisiingie nyumbani kwako.

Ama hukumu yake haina utata. Qur'ani Tukufu, katika Suratul Baqara aya ya 195, inatukataza kujitia kwa mikono yetu katika maangamizi. Na kanuni aliyotuwekea Mtume (S.A.W.) ni kwamba hapana kujidhuru wala kuwadhuru wengine. Zaidi ya hayo, kubadilisha umbile la Mwenyezi Mungu kumetajwa katika Suratun Nisaa, aya ya 119, kuwa ni miongoni mwa amri za shetani kwa wafuasi wake. Mwenye kujichubua amekusanya yote mawili: dhara na kuligeuza umbile.

Piko si hina

Jambo la pili ni piko. Wengi huiita hina nyeusi, na jina hilo limewahadaa watu, kwani mhina hautoi rangi nyeusi ya papo kwa papo. Weusi unaoshika ndani ya nusu saa hutokana na unga wa kutia rangi nywele, ambao ndani yake mna kemikali iitwayo parafenilenediamini, kwa kifupi PPD. Kemikali hiyo haikutengenezwa kuchorwa juu ya ngozi. Kwa baadhi ya watu huleta muwasho, uvimbe na malengelenge yanayofuata mchoro ule ule wa ua, na yakipona huacha kovu. Lililo zito zaidi ni kuwa mwili uliokwisha kuikataa kemikali hiyo huendelea kuikataa maisha yote. Rangi ya nywele itakayopakwa miaka kumi baadaye yaweza kumvimbisha mtu uso mzima.

Bi harusi mwenye mikono yenye malengelenge siku ya kutolewa nje hana furaha, na waliomzunguka hawana la kumsaidia. Basi mama amuulize mchoraji, kabla ya kuanza, ni nini alichokichanganya. Asiyetaka kusema, asiruhusiwe kuanza.

Tuongeze tanbihi moja juu ya hina ya asili. Baadhi ya watu huzaliwa na upungufu wa kimeng'enya kiitwacho G6PD, na upungufu huo upo katika jamii zetu za pwani. Hina huweza kuzivunja chembe nyekundu za damu zao, na hatari ni kubwa zaidi kwa watoto wachanga. Kwa hiyo, katika shangwe za harusi, vichanga wasipakwe hina.

Dawa za ndani

Hili tutalisema kwa adabu, lakini ni lazima lisemwe, kwa kuwa hakuna haya katika kueleza haki. Wapo wanaowapa mabi harusi shabu na unga wa mitishamba wautie katika sehemu za siri, kwa madai ya kuwatengeneza. Madaktari wanatahadharisha kuwa vitu hivyo hukausha na kuchubua utando laini wa ndani, na utando uliochubuka hufungua mlango wa maradhi. Kuosha nje kwa maji safi kunatosha, na mwili una njia yake ya kujisafisha ndani. Somo mwenye elimu na amfunze binti tohara, josho la janaba, haki za mke na haki za mume. Mafunzo hayo ndiyo aliyotakiwa kuyatoa tangu mwanzo.

Urembo na sala

Mizani ya pili ni sala. Ni jambo la kusikitisha kwamba siku ambayo binti anahitaji zaidi baraka za Mola wake ndiyo siku anayopitwa na Adhuhuri, Alasiri na Magharibi akiwa amekaa saluni. Anapoulizwa, husema kuwa pambo litaharibika. Pambo si udhuru wa kuacha sala. Dawa ya tatizo hili ni mpango, wala si fatwa: ajipange ili kupambwa kuanze baada ya kusali, akiwa na udhu wake, na akiuhifadhi udhu huo atasali sala inayofuata na pambo lake likiwa usoni. Udhu ukitenguka, maji yatangulie mbele ya poda.

Hapa pana tofauti ambayo kila nyumba yapasa kuifahamu. Hina huacha rangi tu, haizuii maji. Rangi ya kucha, kucha za bandia na gundi ya kope za bandia ni tabaka linaloyazuia maji yasifike, na udhu hausihi mpaka liondolewe. Rangi ya kucha huondoka kwa dakika chache, lakini kucha na kope zilizogandishwa kwa gundi hukaa kwa wiki nzima au zaidi. Basi bi harusi ataoga vipi josho la janaba asubuhi ya harusi yake? Ni wachache wanaomuuliza swali hili kabla ya gundi kupakwa.

Ama kuunga nywele, yupo mwanamke aliyemwendea Mtume (S.A.W.) akamweleza kuwa binti yake ni bi harusi, ameugua na nywele zake zimenyonyoka: je, amuunge? Mtume (S.A.W.) akawalaani mwenye kuunga na mwenye kuungwa. Ona kuwa udhuru ulikuwepo, maradhi yalikuwepo na harusi ilikuwepo, na jibu halikubadilika. Katika Hadithi ya Ibn Mas'ud (R.A.) wamelaaniwa pia wenye kuchanja chale za urembo, wenye kunyonyoa nyusi na wenye kuchonga mianya ya meno kwa ajili ya uzuri. Bi harusi asiingie katika ndoa kwa mlango wa laana, ilhali milango ya halali iko wazi.

Sitara katika zama za simu

Mizani ya tatu ni sitara. Zamani kusingwa kwa bi harusi kulikuwa ni siri baina yake na somo wake. Leo simu imo mkononi mwa kila aliyemo chumbani, na picha ya binti akiwa na kanga moja kifuani yaweza kufika mji mwingine kabla singo haijakauka. Suratun Nur, aya ya 31, imewataja wanaoruhusiwa kuyaona mapambo ya mwanamke, na walioko nyuma ya simu hawamo. Ushauri wetu ni mwepesi: mama wa bi harusi aweke kapu mlangoni, na kila anayeingia katika chumba cha kusingia aiache simu yake humo. Hakuna mgeni mwenye heshima atakayekasirika.

Bwana harusi naye

Maandalizi si ya upande mmoja. Imepokewa kutoka kwa Ibn Abbas (R.A.) kuwa alikuwa akipenda kujipamba kwa ajili ya mkewe kama alivyopenda mkewe ajipambe kwa ajili yake, akitoa dalili kutoka katika aya ya 228 ya Suratul Baqara, inayoeleza kuwa wanawake wana haki kama zilivyo wajibu juu yao. Basi na bwana harusi aoge, apige mswaki, akate kucha, apunguze masharubu na ajitie manukato. Asidai ua ilhali yeye mwenyewe hajajipangusa vumbi.

Nasaha kwa wazazi na walezi

Ndugu zangu, hakuna binti anayejinunulia mkorogo bila ya kwanza kusikia neno. Lipo neno alilolisikia kwa shangazi, kwa wifi mtarajiwa, au kwa mchumba mwenyewe: kwamba ni mzuri, lau kama angekuwa mweupe kidogo. Aliyelitamka amelisahau siku ile ile, na aliyeambiwa amelibeba mpaka dukani. Tuanze kulisafisha neno hilo majumbani mwetu, maana marufuku za serikali hazifiki mezani petu tunapokula. Na mchumba aliyekuja kuposa alimwona binti na rangi yake. Kama aliiridhia siku ya posa, nani amesema hairidhii siku ya ndoa?

Kwa mwenye kutaka utaratibu mfupi, tunashauri hivi. Mwezi mmoja kabla ya harusi, binti alale vizuri, ale matunda na mboga, anywe maji ya kutosha, na kama ana chunusi au madoa aende kwa daktari wa ngozi badala ya kwenda kwa muuza vikopo. Chochote kipya kijaribiwe kwanza kwa kiasi kidogo ndani ya mkono, na kingojewe siku mbili. Wiki ya mwisho ni ya singo na liwa. Siku mbili kabla ni ya hina. Na siku yenyewe ianze kwa sala ya Alfajiri na dua, kisha yafuate mengine.

Aliyekwisha kutumia mkorogo asikate tamaa, wala asionewe haya. Aache, aende hospitali, na alichukue kopo lenyewe ili daktari ajue alichotumia. Asiache ghafla dawa za steroidi bila ya ushauri wa daktari ikiwa amezitumia kwa muda mrefu. Mlango wa toba u wazi, na wa tiba vile vile.

Tunamuomba Mwenyezi Mungu (S.W.) azibariki ndoa za vijana wetu, awapambe mabi harusi wetu kwa afya, haya na ucha Mungu, na awaruzuku kizazi chema kilichosalimika katika miili yao na dini yao. Amin.

Wabillahi tawfiq.